Anaona, Haoni

Katika ofisi ile barua haikutoka mpaka igongwe muhuri wa IMESOMWA, na muhuri ulikaa kwenye droo ya mwanamke mmoja. Walimwita Mama Nukta, maana kwa miaka kumi na minne alikuwa akiwinda nukta zilizosahauliwa na wakubwa. Wakubwa wenyewe walishaacha kusoma. Waliandika, wakasaini, wakamwachia yeye awafutie aibu.

Jumatatu moja, katikati ya barua ya kurasa tatu kuhusu mapazia, karatasi ilianza kujifunga pembeni. Kufika saa sita aliiona dunia kama anayechungulia kwenye bomba: neno moja, labda mawili, kisha ukungu.

Hospitali walimtia matone, wakammulika, wakampiga picha mpaka ya ubongo. Kila kitu kizima. Mwishowe daktari, mwanamama asiye na haraka, aliinua kalamu pembeni, palepale penye ukungu, akamwambia aitazame bila kufikiri. Macho yakaruka moja kwa moja hadi kwenye kalamu.

"Sijakukamata," daktari akasema. "Hii ni habari njema. Macho yanaleta picha, ubongo ndio umegoma kuipokea. Husemi uongo, wala huna wazimu."

Akamweleza kwamba hali hiyo huwapata wengi, mara baada ya uchovu au hofu, mara bila sababu ya kushikika. Matone hayasaidii, husaidia mazoezi, usingizi, kazi kidogo kidogo na mshauri wa kuzungumza naye. Asikodoe, asijipime kila dakika. Yote hayo akayaandika kwenye cheti.

Afisa utumishi, ambaye ofisi nzima ilimwita Kiranja, alisoma mstari wa kwanza wa cheti: macho yote mazima. Hapo akaridhika, akakunja karatasi.

Tangu siku hiyo kila mtu akawa mpelelezi. Nyumbani, wifi yake alitaka kujua ugonjwa gani huu unaoficha sufuria chafu na kuacha simu. Ofisini waliweka ndoo katikati ya korido, wakajibanza mlangoni. Mama Nukta akaipita pembeni bila kuigusa, na wapelelezi wakapongezana kwa minong'ono. Alipoulizwa, alijibu kwa unyonge kwamba ndoo ameikwepa kweli, ila ameikwepaje hajui. Walicheka mpaka chai ikapoa.

Kamati ya nidhamu ikakaa. Watu watano wenye macho makali wakaandika barua ya kumfukuza, wakasaini, wakaipeleka masjala. Masjala wakaikagua kwa utaratibu, wakakuta haina muhuri wa IMESOMWA. Wakaipeleka kwa Mama Nukta.

Aliifungua mezani. Ada za watoto, kodi ya nyumba, miaka kumi na minne, vyote vilikuwa ndani ya karatasi ile. Alitamani kuichana. Lakini kazi ni kazi. Akaanza neno kwa neno, na kila baada ya maneno kumi akainua uso kutazama mbali dirishani, kama daktari alivyomfundisha. Alianza saa tatu asubuhi, akamaliza saa tisa alasiri, na muhuri hakuugonga.

Kiranja akaja mwenyewe. Alimbembeleza kwanza, dada yangu huku, dada yangu kule, mara moja tu agonge yaishe.

"Bosi, mimi nagonga nikishasoma," alisema Mama Nukta. "Aya ya kwanza mnanifukuza kwa sababu sioni. Aya ya tatu mnanifukuza kwa sababu naona, nimewadanganya. Na wote watano mmesaini. Chagueni moja, nigonge."

Kiranja akaichukua barua, na kwa mara ya kwanza akaisoma. Kisha akatoa na kile cheti, akakisoma mpaka chini. Akapiga hesabu: kama haoni, ni mgonjwa, na mgonjwa hupewa nafuu ya kazi. Kama anaona, basi aendelee na kazi yake. Akaondoka bila kuaga.

Kamati imeshakaa mara tatu na bado haijachagua. Mama Nukta anaendelea na mazoezi. Wiki iliyopita, bila kukodoa, aliona ukingo wa kushoto wa karatasi na wa kulia kwa pamoja. Alimpigia daktari simu, akalia kidogo, akapangusa uso. Kisha akarudi kwenye karatasi yenyewe: ulikuwa mwaliko wa kikao cha nne, na tarehe yake ilikuwa ya mwaka jana.