Neno la Mwongozaji

Tk.

Kasauti kadogo, kama njiti ya kiberiti inapovunjika. Ukumbi ulikuwa giza, taa zikisubiri onyesho lifuatalo, na mwongozaji alikasikia kakitoka juu ya kichwa chake.

Taa zikawaka. Mdogo wake, mwigizaji mkuu wa filamu yake mpya, alikuwa ananing'inia karibu na dari. Chini yake, sakafu ya saruji. Alifungwa kamba mbili: ya kwanza mtambo ungeiachia watazamaji wakiamua, ya pili ingemdaka. Sasa ile ya pili ilikuwa inapepea pembeni, kulabu yake wazi.



Miaka yote aliwacheka wenzake: "Nyinyi mnatengeneza picha za watu waliofungwa midomo!" Filamu yake yeye ilisikiliza. Waigizaji waliigiza mle mle ukumbini, kamera zikarusha picha zao kwenye pazia kubwa, watazamaji wakapaza neno, mtambo ukahesabu sauti na kutii. Maneno yalikuwa matatu tu: vuta, shusha, kata.

"Kata!" mtu akapiga kelele kutoka nyuma. "Kata, tumwone akidakwa!"

Kicheko. Kwenye pazia, mstari mwekundu ukaanza kupanda. Ukifika juu, kamba inaachiwa.

Mwongozaji akafungua kinywa asimamishe kila kitu, kama alivyozoea, kwa neno lake la kazi. "Ka..."

Akaung'ata ulimi hadi akaonja chumvi. Neno lilikuwa lile lile! Alilichagua mwenyewe, kwa maringo, ili watazamaji nao waonje utamu wa kulitamka. Hata kuwakataza asingeweza bila kulitaja.

"Zima mtambo!" akamwambia fundi aliyeuendesha.

"Bosi, nikizima, kulabu zote zinajifungua."

"Shusha!" akapayuka. "Jamani, semeni shusha! Kamba imefunguka kweli!"

Wakapiga makofi.

"Mwone anavyoigiza!"

"Si ulisema leo tusikusikilize hata wewe?"

Alisema. Alisema mlangoni akiwapokea, kifua mbele. Mstari ulikuwa umebakiza upana wa kidole.

Akapiga magoti. "Kitinda," akaita, jina la nyumbani. "Tazama kushoto kwako."

Mdogo wake akatazama, akaiona kamba ya pili ikipepea. Kilio kilichomtoka kilikuwa chembamba, kibaya, hakina uzuri wowote wa jukwaani.

Mama yao, aliyekaa safu ya mbele, akainuka ghafla, mkoba ukamdondoka mapajani. "Huyo haigizi! Nimemzaa mimi, kilio chake nakijua. Nyamazeni nyote! Shusha! Shusha mwanangu!"

Ukumbi ukawa kimya. Halafu mmoja, halafu wawili, halafu wote: shusha, shusha, shusha. Mstari mwekundu ukanywea, wa kijani ukapanda. Winchi, mashine ya kuvuta kamba, ikakoroma, ikakwama, na pumzi za watu zikakwama nayo. Kisha kamba ikaanza kuteremka.

Miguu ilipogusa saruji, Kitinda alimkamata kaka yake kola.

"Ulitaka kulisema. Nimeuona mdomo wako."

"Nilitaka."

"Na onyesho la kesho je, Kaka? Ukisahau?"

Mwongozaji akamtazama mama, akamtazama mdogo wake.

"Kesho kwenye kamba naning'inia mimi, na neno utalishika wewe, mahali pangu. Nakuahidi, mama akisikia."