Ushanga wa Kijani

Jumatatu saa mbili asubuhi, muuguzi alimwaga shanga tano mezani ili wagonjwa wazione: mbili za kijani, tatu nyeusi. Mashine nzima za kusafisha damu zilikuwa mbili, na benchini walikaa watu watano. Akazitia kwenye mfuko, akaupeleka kwa mkuu wa hospitali ukapigwe muhuri, akarudi nao.

Ushanga ukishatolewa haurudishwi. Hata ukitaka hutaweza, kwa sababu unazama kiganjani na kukaa chini ya ngozi, bila maumivu. Mwalimu wa hisabati, aliyekaa wa mwisho na miguu imemvimba, alikuwa na nyeusi sita za wiki zilizopita. Hakuna aliyewahi kufikisha nane.

"Wa mwisho tena," alinung'unika dada yake aliyemsindikiza.

"Kabla hawajaanza, dada, nafasi ya kila mtu ni mbili kwa tano. Wakishaanza, kila anayetoa anambadilishia anayefuata."

"Hebu acha darasa, omba Mungu."

Dereva wa lori akatoa mweusi. "Mbili kwa nne," mwalimu alisema. Seremala akatoa wa kijani, akaingia ndani bila kumtazama mtu. "Moja kwa tatu." Mshona viatu, mweusi. "Moja kwa mbili." Dada aliacha kuomba, akaanza kuhesabu vidole. Mama muuza mkaa akatoa mweusi, akafumba mkono.

"Moja kwa moja," mwalimu alisema. "Umebaki mmoja tu, na ni wa kijani."

Dada yake akapiga magoti, akamvua viatu, tayari kumwingiza ndani.

Mwalimu akatia mkono. Ushanga ulikuwa mweusi. Ukazama taratibu, ukajipanga kando ya wenzake.

"Muuguzi," dada alisema, "nyeusi si zilikuwa tatu?"

Muuguzi aliugeuza mfuko ndani nje, akatazama, kisha akaandika daftarini kwamba zoezi limekwisha.

Hapo akaletwa mama mkwe wa mkuu wa hospitali, kwenye kiti cha magurudumu. Benchini hakuwahi kukaa. Chini ya ngozi ya kiganja chake ushanga wa kijani uling'aa mpaka mtandio wake ukageuka rangi. Wote waliuona, naye aliona kwamba wameuona.

"Hamjambo, wanangu?"

"Hatujambo. Shikamoo, mama."

"Marahaba."

Mwalimu ndiye aliyekuwa karibu na mlango. Aliinuka, miguu mitupu, akaushika mpaka kiti kikapita.