Jogoo wa Mzee Opondo

Kaka yangu Calvince alisoma vitabu vitatu vya akili, na tangu hapo hatukupumua. Alivinunua vikuukuu kwa mchuuzi wa kando ya barabara mjini Kisumu, pembe zimeliwa na panya, lakini alikwenda navyo kila siku kwenye ofisi ya bima anakofanya kazi, kavikumbatia kama mchungaji na Biblia. Kwa mujibu wa vitabu hivyo, kila mtu ana akili mbili: ya juu, inayosalimia watu, na ya chini, iliyojificha hata kwa mwenyewe, ambayo ndiyo inayotawala. Ukipiga miayo, alikufafanulia. Ukikataa ugali, kosa lilikuwa la mama yako.

Siku moja niliteleza nikamwita mkewe, Dorca, kwa jina la mchumba wa zamani wa Calvince. Nikaomba radhi.

"Ulimi hautelezi, Akello," Calvince akaniambia, miguu juu ya meza. "Ulimi unasukumwa. Hiyo ni akili ya chini imeongea."

Wahenga waliosema heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi hawakuwa wamebahatika kuvisoma vitabu vyake.

Kisha Dorca akajifungua mtoto wa kiume, na mtoto akawa wa kulia. Kwetu, marehemu anayetaka jina lake lirithiwe humjia mtu ndotoni, na mtoto hulia mpaka aitwe jina hilo. Calvince alikuwa ameshachagua lake: Desmond, basi, bila jina lolote la ukoo. Lakini asubuhi moja Dorca alinipigia simu nikaja mbio.

"Wifi, nimemuota mzee," akasema. "Amesimama hapo mlangoni, amebeba jogoo kwapani. Anaongea pole pole tu, ati, 'Naweza ingia?'"

Nilimjua mzee huyo mara moja. Baba yetu, Mzee Opondo, alipokuwa amelewa siku moja, alitia vitabu vya shule vya Calvince motoni, jikoni kwetu kijijini Pap Onditi. Miaka ikapita, akaacha pombe, akaja Kisumu kuomba msamaha, na jogoo wake kwapani. Calvince alimzuia pale pale mlangoni: nyumba hii haina nafasi ya mtu wa kuchoma vitabu. Mzee akageuka na jogoo wake. Hakurudi tena, na mwaka uliofuata tukamzika. Siku ile ya mlangoni nilikuwa ndani, nimeyasikia yote. Dorca alikuwa hajaolewa, wala hakuna aliyewahi kumsimulia.

Nikamtazama kaka yangu. Alikohoa, akafungua kitabu.

"Mlango si mlango," alianza. "Na jogoo si jogoo."

Maana aliyompa jogoo siwezi kuirudia, mimi ni mtu wa kwaya. Yote, kumbe, yalikuwa matamanio ya Dorca ya utotoni. Maskini Dorca, aliyelelewa na nyanya yake huko Sondu na anayeogopa kuku!

"Baba Desmond," Dorca akasema, machozi yakimlengalenga, "mimi naomba tu mtoto apewe jina ya mzee. Atalia hadi lini, yawa?"

"Jina hilo halitaingia hapa."

"Na hiyo ni akili gani imeongea?" nikamuuliza. "Ya juu ama ya chini?"

Akaniambia nina hasira zilizokandamizwa. Nilizikandamua zote pale pale. Nilimwita mpumbavu mwenye maktaba, kichwa kilichojaa funguo na mlango wake mwenyewe kimeutia komeo. Alifunua tu ukurasa mwingine, na mimi nikaondoka nikiwa nimeudhika sana.

Jumapili ya ubatizo alivaa suti, kitabu kimetuna mfukoni. Mtoto alikuwa akilia kwa sauti iliyoizidi kwaya yetu. Mchungaji Joram akachota maji, akamwambia baba mtu, "Mtaje mtoto huyu."

Calvince alinyoosha shingo, akajibu kwa sauti kubwa, wazi kabisa:

"Opondo."

Calvince akafumbua kinywa asahihishe, mkono umeshakwenda mfukoni kwenye kitabu. Nilimwona akikumbuka. Angesema nini? Kwamba ulimi umeteleza? Mchungaji hakuwa na habari, akamwaga maji: "Opondo, ninakubatiza."

Mtoto hakunyamaza. Alilia njia nzima, na mimi sikuyajali machozi hayo, nikijiandaa kumsomea kaka yangu mahubiri yake mwenyewe, sura na aya. Nilikuwa nimengoja mwaka mzima.

Tulipofika kwake, Calvince alimchukua mtoto mikononi mwa Dorca, akausukuma mlango ukafunguka wote. Hakuingia. Alisimama pembeni, palepale aliposimama siku ile.

"Ingia, Baba," akamwambia mtoto. "Ingia tu. Nafasi iko."

Mahubiri yangu niliyaacha. Nilishika ukuta nikalia kuliko mtoto.