Waya Juu ya Ndakala

Saa mbili asubuhi Mama Clémence alikuwa ameshafagia kiwanja mara tatu, na bado hakuweza kutulia. Siku hiyo juji, hakimu wa kesi yake, alikuwa anakuja kujionea mahali ambapo kampuni ya nguzo ilitaka kupitisha waya mkubwa wa umeme: juu ya kiwanja chake cha kuanikia ndakala, dagaa wa ziwani, ufukweni, kaskazini ya Kalemie. Kesi ilikuwa na miezi saba.

"Kaa basi, wifi," alisema Bertille, akigeuza samaki. "Utachimba shimo hapo, wapate pa kusimika nguzo yao."

"Nitakaa wakishaenda."

Kwa macho ya mgeni, kiwanja kilikuwa changarawe tu. Lakini yeye na marehemu mume wake waliibeba changarawe hiyo kwa vikapu, misimu miwili, ili mchanga usiingie kwenye samaki. Ndakala wake walipanda treni mpaka Kongolo wakiwa safi, na kwa hao watoto wanne walisoma. Waya ukipita, ndege watakaa juu yake mchana kutwa. Nani atanunua samaki waliopakwa kinyesi? Aliiandikia tribinali, mahakama ya mji, neno hilo hilo kila mara, na kila mara Hippolyte, mtu wa kampuni, aliwachekesha watu barazani: "Sitwayeni, raia wetu huyu, anashitaki ndege."

Gari lilifika. Lilikuwa la kampuni. Hippolyte alishuka mbele, juji Ilunga nyuma. Mama Clémence alijua kwamba tribinali haina gari, na kwamba anayetaka juji aje humtafutia usafiri. Hata hivyo alilisogelea lile gari.

"Karibu, Papa Juji. Umeletwa na muntu ninayegombana naye."

"Ningekuja na nini, mama?"

"Na miguu. Mwendo uliobaki tutautembea. Si mbali."

"Viatu vya Papa Juji vitaharibika," alisema Hippolyte.

"Atavua."

Juji alimtazama, akainama, akavua. Mama Clémence aliwatangulia ufukweni kwa hatua za mtu anayekimbizwa, mpaka kwenye kiwanja cha jirani, ambapo waya ulikuwa umepita tangu Pasaka. Kunguru na midiria walikuwa wamejipanga juu yake. Chini, changarawe ilikuwa nyeupe kama iliyopakwa chokaa, na hapakuwa na samaki hata mmoja. Wanawake wa pale walikuwa wanaanika kando ya barabara, kwenye vumbi la malori.

Juji alitoa daftari, akaandika.

"Sasa nimewaona hao washitakiwa," alimwambia Hippolyte, na safari hii Hippolyte hakucheka.

Waliporudi walipima kwa utepe. Nyuma kulikuwa na mwamba na reli. Juji aliupanda mwenyewe, akashuka akitikisa kichwa. Njia zilibaki mbili: juu ya kiwanja, au mita kumi na mbili kando, juu ya nyumba ya Mama Clémence.

"Na waya wa namna hii haupiti juu ya nyumba ya watu," alisema juji. "Ukipita huku, nyumba inavunjwa. Kampuni itakulipa, lakini inavunjwa."

"Basi tumemaliza," alisema Hippolyte.

Mama Clémence aliitazama nyumba: vyumba vitatu, matofali mabichi, mabati ambayo mume wake aliyapigilia kwa mkono wake. Wanne walizaliwa humo. Akatazama ndakala waking'aa juani. Mikono yake haikujua pa kukaa, akaifunga nyuma.

"Andika nyumba," alisema.

Bertille aliacha samaki. "We Clémence, utalala wapi?"

"Kwako. Matofali ninajua kuyafyatua. Nitajenga kule kwenye shamba langu la mihogo. Kiwanja kingine chenye jua la namna hii nitakitoa wapi?" Akamgeukia juji. "Uandike pia, Papa: mabati wateremushe wao, bila kuyatoboa. Na wasiguse ukuta mpaka nimalize kutoa vyombo."

Juji aliandika, akampa karatasi. Mama Clémence alikisoma Kifaransa chote polepole, Hippolyte akipiga miayo, akarudisha. "Mabati hujaandika." Juji akaongeza. Ndipo Mama Clémence akatia sahihi.

Gari lilikuwa halijageuka alipoanza kutoa masufuria nje.

"Wifi, hukumu yenyewe haijasomwa," alisema Bertille.

"Nimesikia. Shika huo upande wa kitanda."