Mume Mwenye Adabu

Siku Wamaitha alipofika kijijini Kabati na kamera yake, Kalunde alikuwa akipepeta ndengu, wala hakuacha. Kamera haijazi sufuria. Lakini msichana alipotaja jina la Kiema, ungo uliinama na kuku wakapata karamu.

"Ako hai?"

"Ako hai, mama. Analala kwenye veranda za maduka Nairobi, yeye na wenzake. Ninatengeneza filamu juu yao. Aliniambia ana nyanya hapa."

Kiema alikuwa mjukuu wake, aliyerithi jina la babu yake, marehemu mumewe Kalunde. Na Ukambani mjukuu wa jina hilo ni mume wa nyanyake, mume wa utani. Tangu ajue kusema, Kiema alikuwa akiingia kwa Kalunde kwa kishindo: "Mwanamke, chakula kiko wapi?" Naye alikuwa akimjibu, "Leta mahari kwanza, mwizi wewe!" Kisha akaenda kutafuta kazi, simu yake ikazimika, na utani ukabaki upande mmoja, kama makofi ya mkono mmoja.

Wamaitha akaelekeza kamera. "Mwambie lolote, nitamwonyesha. Ukitaka kulia, lia tu."

"Nilie uuze machozi yangu?" Kalunde alijifunga leso upya. "Wewe Kiema! Umeniacha mjane mara ya pili, na safari hii hata wali wa matanga sikula. Mzee Muindi ameanza kunisalimia kanisani kwa mikono miwili. Meno hana, lakini ng'ombe anao. Ukichelewa, naolewa!"

Wamaitha akacheka mpaka kamera ikatikisika.

"Usicheke, niletee jibu," Kalunde alimwambia. "Akinitukana, anarudi. Mwanamume hatukani mke wake halafu akale kwingine."

Ndengu nyingine zilikuwa zimetoa maua Wamaitha aliporudi. Akamwekea video kwenye simu. Kiema huyo, amekonda, kofia ya mtu mwingine kichwani, anatazama ujumbe wa nyanyake. Ulipofika kwa Mzee Muindi, pembe ya mdomo wake ilicheza. Kalunde akaisogelea simu. Kiema akainamisha macho.

"Shikamoo, nyanya," akasema. "Samahani kwa kukusumbua. Mimi niko sawa tu. Mungu akubariki."

Basi. Video ikaisha.

"Ana adabu kweli!" Wamaitha alifurahi.

"Adabu ni ya wageni, mwanangu." Kalunde alitazama njia ya kuelekea barabarani, ambako mbuzi wa jirani tu ndio waliokuwa wakipita. "Nimemlea mimi. Hakuwahi kuniamkia hata siku moja."

Wamaitha akanyoosha mkono achukue simu yake.

"Rudisha pale mdomo ulipocheza."

Akarudisha.

"Tena. Hapo, hapo! Simamisha."

Picha ikasimama: kijana na kicheko ambacho hakijaamua kutoka. Kalunde aliichukua simu kwa mikono yote miwili, akavuta kigoda karibu na ukuta wenye kivuli.

"Sasa sogea kidogo, msichana," akasema. "Tuachie nafasi, mimi na mume wangu."