Kaburi la Kagaruki

Sista Walburga alifundisha kushona katika shule ya misheni kule Izigo, na akipata mwanya tu, alikuwa akisifia kijiji chao cha Uswisi, kilichobanwa na milima ya theluji. Jina la kijiji hicho maana yake ni Mlango Wazi. Zamani mchunga mbuzi mmoja aliwafungulia wasafiri waliokaribia kuganda kwa baridi, wakapona.

"Na kwenu, mwalimu? Huyo Kagaruki wa Kyakagaruki ni nani?" alimuuliza siku moja mwalimu mwenzake.

Mwalimu Immakulata alijua vizuri mno. Kagaruki alikuwa babu yake. Alichanjiana udugu na rafiki yake Kaijage, kila mmoja akameza punje ya kahawa yenye damu ya mwenzake. Kisha ndui ikaingia. Kaijage alipokuja mgonjwa, Kagaruki aliuegemea mlango kwa ndani mpaka hodi zikakoma. Majirani wakapaita mahali pale Kyakagaruki ili aibu hiyo isisahaulike.

Sasa, mgeni keshajigamba na mlango wake, wewe utoe huo wenu uliofungwa? Immakulata akasema babu yake alifungua, akamfunika mgonjwa kwa nguo yake mwenyewe, akamuuguza mpaka mwisho.

Njia ya mwongo ni fupi. Jumapili iliyofuata Sista alikwenda Kyakagaruki kusali kwenye kaburi la Kagaruki, pale kwenye migomba, na kijiji kizima kikaja kumtazama. Alisimulia hadithi ile kwa Kiswahili. Wazee walijua Kihaya tu, na wa kuwatafsiria alikuwa nani kama si mwalimu? Kugeuza maneno hakuweza. Wanafunzi wake walikuwa mbele yake, na Kiswahili alikuwa amewafundisha yeye. Akatafsiri yote, masikio yakimwaka moto. Watu wakainamisha vichwa.

Mzee Mutembei peke yake hakuinamisha. Alikuwa mtoto wa Kaijage, aliyeachwa angali ananyonya.

"Tata, baba yangu, alifunguliwa?" aliuliza kwa Kihaya. "Kumbe kwenu mlijua, mkaninyima! Mama alikufa akimlaani Kagaruki bure."

Na yule mzee, ambaye maisha yake yote hakuwahi kukanyaga kibanja hicho cha migomba, akapiga magoti, akaliomba kaburi msamaha.

Immakulata angeweza kunyamaza. Sista alikuwa analia kwa furaha, na hakuna jirani ambaye angemsuta mbele ya mgeni. Lakini kumwona mzee huyo ameweka paji la uso kwenye udongo wa Kagaruki kulimshinda. Alijiona mchafu. Akapiga magoti kando yake.

"Tata, inuka. Nimesema uongo. Hakufungua," alisema kwa Kihaya.

Mutembei aliondoa kiganja juu ya kaburi. Aliinuka polepole, akajikung'uta magoti.

"Babu yako alimwacha nje," alisema. "Wewe umemwingiza ndani, kisha umemtoa tena."

Sista akamgusa Immakulata begani. "Mzee anasema nini, mwalimu?"

Wanafunzi wote wakamgeukia, wakingoja atafsiri.