Dakika Tisa za Bwana Stuli

Saa ya kiwanda ilitundikwa juu ya mlango wa ghala la vitambaa. Kila jioni, ilipobaki dakika moja kutimia saa kumi na moja, msimamizi alivuta stuli, akapanda, akafungua kioo na kuurudisha mshale nyuma dakika tisa. Kisha akashuka, akajipangusa mikono na kurudi mezani kwake; asubuhi aliusogeza mbele tena kabla watu hawajaingia. Kwa kazi hiyo wafanyakazi walimwita Bwana Stuli, naye alilijua jina hilo na hakulikataa. Simu zao na saa zao za mkononi zilibaki getini, ndani ya sanduku la mlinzi, kwa hiyo hapakuwa na cha kubishania. Cherehani arobaini ziliendelea kushona mashati ya sare.

Dakika hizo tisa zilipopita mara ya kwanza zilikuwa dakika kama nyingine. Zilipopita mara ya pili zilikuwa na watu ndani. Walitokea upande wa ghala, taratibu, wakasimama katikati ya mashine: msichana wa kufungasha aliyekufa kwa homa, fundi mitambo wa zamani aliyetembea na spana mkononi, na wengine wawili watatu ambao hata wazee wa kiwanda hawakuwakumbuka. Wafanyakazi waliwaita wapangaji. Mwenye haraka alimwambia mpangaji, "Nipishe kidogo," naye akapisha. Lawama iliyokuwepo ni moja tu, kwamba walileta baridi na uzi ukawa unakatikakatika.

Mpangaji mmojawapo alikuwa mume wa Kola. Kola ni jina la utani. Mama huyo alikuwa ameshona kola, na kola peke yake, kwa miaka kumi na tisa. Mumewe alikuwa mpiga pasi. Jioni moja, ndani ya dakika zile tisa, alianguka juu ya meza ya pasi akakata roho kabla ya king'ora cha kutoka kazini. Uongozi uliandika barua kwamba marehemu alifariki saa kumi na moja na dakika nne, nje ya saa za kazi, akiwa kiwandani kwa hiari yake. Siku hiyo moja uongozi ulifuata saa ya kweli.

Tangu hapo, mwaka wa nne sasa, alikuja kila jioni na kusimama kando ya cherehani ya mkewe. Aliuliza kama bati la jikoni bado linavuja. Alisema miguu inamuuma. "Nimechoka, mke wangu. Twende nyumbani." Kola alimjibu kwamba king'ora bado, akashona kwa mkono mmoja ili wa pili aushike wake. King'ora kilipolia, mkono wa Kola ulibaki wazi. Alikwenda nyumbani akapika, akala, akalala upande wake wa kitanda, na kutwa nzima ya kesho yake aliimeza kama dawa ili ifike jioni. Alimtamani mumewe, wala hakuona haya kulisema.

Aliyekwenda kushtaki ni wifi yake, dada wa marehemu, aliyeketi safu ya vifungo. Afisa wa kazi alikuja jioni na saa yake mkononi, akasimama chini ya ile ya ukutani, akazilinganisha. Alimwambia Bwana Stuli kwamba mtu yeyote atakayeugusa tena mshale ule atamwaga unga siku hiyo hiyo. Bwana Stuli akaisogeza stuli pembeni.

Jioni iliyofuata king'ora kililia saa kumi na moja kamili. Watu walitoka jua likiwa bado na nguvu, wakapiga soga getini kwa kuwa hawakujua waufanyie nini muda wao. Kola alibaki mbele ya ghala mpaka mlinzi alipomwita. Siku ya pili ilikuwa vivyo hivyo. Siku ya tatu wifi yake alimngojea nje.

"Wifi, muache kaka yangu apumzike," alisema. "Miaka yote hii amesimama pale na uchovu wake."

"Akapumzike wapi? Kwangu hajafika."

"Kwa hiyo unataka awe kazini milele?"

Kola alijua jibu lake halikuwa zuri.

"Nataka nimwone," alisema.

"Na sisi je? Wanangu juzi wameniona mchana, wifi. Mchana."

Kola alishika njia ya kwenda kupika.

Siku ya nne, mshale ulipobakiza dakika moja, Kola aliacha kola nusu, akaenda pembeni, akaivuta stuli na kupanda. Alikuwa mfupi, ikabidi asimame kwa ncha za vidole. Mashine zilipunguza mwendo. Bwana Stuli alijitia hamnazo, akazama kwenye karatasi zake. Wifi mtu alitazama juu, kifungo kikiwa katikati ya midomo, halafu akainamisha kichwa. Kola alikusudia dakika tisa, lakini mshale ulikuwa mwepesi kuliko alivyodhani. Ulirudi kumi na tano, naye akauacha hapo hapo.

Mumewe alikuwa wa mwisho kutokea. Alikuja akivuta miguu, viatu amevishika mkononi.

"Nilikuwa nimeshaliona lango la nyumbani," alisema.

"Kaa kidogo," Kola alimwambia.

Akamsogezea kiti. Wakakaa, na uzi ukakatika mara tatu.

Kesho yake, mshale ulipoikaribia saa kumi na moja, Bwana Stuli hakuinuka. Aliisukuma stuli kwa mguu kuelekea cherehani ya Kola, akaendelea kuandika.